Somo Alikuwa na Kazi Mbili

Jumamosi jioni, kumbi za Sinza, Tabata na Mbagala jijini Dar es Salaam hujaa wanawake waliovaa sare ya kitenge. Mwanamume hapiti mlangoni, ila mpiga picha na kijana wa muziki, na hata hao muda ukifika huambiwa wakanywe soda nje. Mbele ameketi bibi harusi mtarajiwa, khanga kichwani, macho chini, somo wake ubavuni. Sufuria, hotipoti, seti za vikombe, ndoo, blenda na, kamati ikiwa imechangisha vizuri, friji, vimepangwa mpaka ukutani. Halafu anaingia kungwi na wapiga ngoma wake, na kwa muda mrefu hakuna anayeikumbuka simu yake.

Maneno ya kungwi huyu hayatofautiani sana na ya yule wa wiki iliyopita. Mume akirudi apokewe mzigo kabla hajaulizwa swali. Asilale na njaa hata kama wamegombana. Chumba kinukie udi na asumini, kisinukie vitunguu. Simu yake isipekuliwe, maana anayetafuta hupata. Siri ya ndani isimfikie jirani. Hasira zikija, mke anyamaze; zikizidi, akaoge. Kati ya funzo na funzo kuna kiuno, kuna vichekesho ambavyo redio haiwezi kuvirusha saa hizi, na kuna noti za elfu kumi zinazobandikwa kwenye paji la uso la kungwi huku vigelegele vikipaa.

Hiyo ndiyo kicheni pati, jina la mjini kwa shughuli ambayo mizizi yake ni unyago. Kila inapofanyika huacha nyuma ubishi uleule. Wapo wanaosema mafunzo haya yamepitwa na wakati, kwamba yanamgeuza mwanamke mtumishi aliyepakwa hina. Wapo wanaowajibu kuwa ndoa za siku hizi hazimalizi mwaka kwa sababu wasichana hawafundwi, na ile methali ya asiyefunzwa na mamaye hutupwa mezani kabla mtu hajamaliza kuzungumza. Ajabu ni kwamba wabishi hawa wote wanadhani kinachosikika ukumbini ndiyo mila yenyewe. Ni nusu yake tu. Somo wa zamani alikuwa na kazi mbili. Alimfundisha mwari namna ya kumpendeza mume, kisha akasimama naye, kabla ya ndoa na baada yake, ili asionewe. Kazi ya kwanza imehamia mjini, imepata kipaza sauti na jenereta. Ya pili imeachwa njiani, nayo ndiyo ambayo msichana anayechumbiwa leo anaihitaji zaidi.

Mtoro bin Mwinyi Bakari wa Bagamoyo aliziandika mila za watu wake katika Desturi za Wasuaheli, kitabu alichokichapisha Carl Velten huko Ujerumani mwaka 1903. Humo posa si shauri la watu wawili. Kuna mshenga anayetumwa, kuna wazee wanaotaka kushauriana na ndugu kabla ya kujibu, kuna mahari, kilemba cha baba na mkaja wa mama, na kuna kungwi ambaye hambanduki bibi harusi hata usiku wa kwanza.

Ule muda wa kujibu posa haukuwa wa adabu tupu. Jamaa wa binti waliutumia kuuliza. Kijana huyu ni wa nani? Anakula kwa kazi gani? Ana deni? Ana mke mwingine Pangani au Kilwa ambaye hakumtaja? Baba yake alikaaje na mama yake? Maswali hayo aliulizwa muuza samaki, mwalimu wa chuo, jirani wa zamani, mtu yeyote asiye na sababu ya kumpamba mchumba. Binti aliambiwa kwamba mchagua nazi hupata koroma, asije akaringa. Lakini wazee wake waliigonga kila nazi wakaisikiliza kabla ya kuibeba.

Tusiipake mila hiyo rangi kuliko ilivyokuwa. Uchunguzi ule mara nyingi ulilinda ukoo kuliko binti. Pwani, swali kubwa lilikuwa ukufu: je, huyu ni wa daraja letu? Mwanamume mwema aliyezaliwa na wazazi waliokuwa watumwa alikataliwa, na mlevi mwenye jina akakubaliwa. Na binti mwenyewe, ambaye maisha ni yake, pengine alikuwa mtu wa mwisho kuulizwa. Anayeitamani zamani aitamani pamoja na hayo.

Hata hivyo zamani hizo zilikuwa na watu. Uzaramoni, mwari alitawa ndani kwa miezi, na zamani zaidi hata kwa miaka, akiwa na mwanahiti, kile kisanamu cha mti alichokitunza kwa kukiogesha na kukipaka mafuta. Marja-Liisa Swantz, mtafiti kutoka Finland aliyeishi Bunju miaka ya 1960 na kuandika sana juu ya Wazaramo, alionyesha jinsi shughuli hizo zilivyomfunga msichana kwa kundi zima la wanawake: mama, shangazi, bibi, makungwi. Mombasa, Sarah Mirza na Margaret Strobel walirekodi masimulizi ya maisha ya wanawake watatu, yakatoka kitabu mwaka 1989. Anayeyasoma anakutana na wanawake ambao ndoa kwao ilikuwa na mlango wa kuingilia na wa kutokea. Waliolewa, waliachwa au walidai kuachwa, wakaolewa tena, na katika kila hatua palikuwa na mwanamke mwingine wa kumkimbilia. Somo hakuwa mtu wa siku moja. Mtu na somo wake waliitana hivyo mpaka kufa, na mume alijua kwamba akivuka mpaka, kuna mwanamke mtu mzima atakayekuja kukaa barazani kwake bila kuaga mpaka aelezwe.

Mtu hawezi kuzungumza juu ya nasaha kwa mwanamke wa Kiswahili akamruka Mwana Kupona binti Msham. Alizaliwa Pate mwanzoni mwa karne ya 19, akaolewa na Bwana Mataka, mtawala wa Siyu aliyeisumbua mno Oman chini ya Seyyid Said. Mnamo 1858, akiwa mgonjwa na mumewe amekwisha kufa, alimtungia binti yake Mwana Hashima utendi wa beti mia na kitu. Binti alikuwa na umri wa miaka kama 17. Utendi huo umetajwa katika madarasa na hotuba mpaka umekuwa kama sheria: mke apate radhi ya mume, aombe ruhusa akitoka, asikae nje mpaka usiku, asijifunue njiani, ajipambe, apike, anyamaze. Alice Werner na William Hichens walipouchapisha kwa Kiingereza mwaka 1934 waliupa jina la nasaha juu ya wajibu wa mke, na tangu hapo wengi wameusoma kwa jicho hilo moja.

Lakini mtunzi ni nani? Ni mjane wa mtu wa vita, mwanamke mwenye elimu, anayeijua siasa ya Lamu, Pate na Siyu, na anayetumia pumzi zake za mwisho kuandika. Anamtaka bintiye alete wino na karatasi. Anamfundisha dini, anamfundisha kuchagua watu wa kukaa nao, anamfundisha kuishi na wakubwa na wadogo. Mume anapoingia katika utendi, mke anaambiwa amtunze kama mtoto ambaye hajajua kusema. Ann Biersteker, mhakiki wa Kimarekani, aliandika mwaka 1991 kwamba huenda tunauona utii pale ambapo mama anamfundisha bintiye kumwendesha mtu mkubwa bila yeye kujua. Wapo wataalamu wasioukubali usomaji huo. Lakini mwanamke yeyote aliyewahi kumtuliza mume mwenye hasira kwa kikombe cha chai, kisha akapata alichokitaka kesho yake asubuhi, hatashangaa akiambiwa kwamba Mwana Kupona alijua anachokifanya.

Jambo la maana zaidi katika kisa hicho halimo ndani ya beti. Nasaha ile ilitoka kwa mtu anayemjua msikilizaji wake. Mama alimjua mwanawe, alimjua mumewe, aliujua mji. Leo nasaha ya mapenzi inatoka kwa mtu mwenye wafuasi laki tatu, asiyejua kama anayemsikiliza ameolewa Masasi na mkulima au anachumbiana na daktari Mwanza. Anasema wanaume wote wako hivi, wanawake wote wafanye vile. Video ya kumfanya mume asichepuke inafuatwa na tangazo la dawa ya kupunguza tumbo.

Uganda, ambako shangazi wa upande wa baba, ssenga, ndiye aliyekabidhiwa kazi hii kwa Waganda, mabadiliko yameonekana mapema zaidi. Mwanasheria na mwanazuoni Sylvia Tamale aliandika mwaka 2005 juu ya masenga wa Kampala wanaofunda kwa malipo, wanaosikika redioni na kuandika magazetini. Tamale hakuwabeza. Alionyesha kwamba baadhi yao, pamoja na mafunzo ya chumbani, wanawaambia wateja wao wawe na fedha zao wenyewe. Kenya nako gazeti la Taifa Leo lina safu ya Shangazi anayejibu maswali ya wasomaji, na majibu yake huwa mafupi, makali, mara nyingine ya kumwambia mtu waziwazi aondoke. Angalau hapo mtu ameuliza la kwake na akajibiwa la kwake.

Sasa tazama uchumba wenyewe ulivyo. Mtu anafahamika kwa namba ya simu, picha za Instagramu na gari ambalo pengine ni la bosi wake. Wawili wanachati miezi sita. Msichana anatumiwa nauli, akitaka kuja anakuja, asipotaka anaila, na mji mzima unacheka. Wasichana wanaambiana kwamba mwanamume wa kweli hutuma pesa na ya kutolea juu. Vichekesho hivyo vina ukweli wake: watu wasiojuana wanapimana kwa kitu pekee kinachoonekana, pesa. Mshenga hayupo, muuza samaki hakuulizwa, na shangazi wa msichana anasikia habari za mchumba siku ya kuombwa mchango. Mwanamke anaweza kukaa na mtu miaka miwili asijue kwao ni wapi. Halafu anapelekwa ukumbini kufundishwa jinsi ya kupokea mkoba.

Hapa ndipo mila ina neno la kumwambia msichana wa leo, tena la kutekelezeka. Aulize. Amjue mama wa mchumba na amtazame mchumba anavyozungumza naye. Amjue rafiki yake wa utotoni. Aone anapoishi mchana, si usiku tu. Waende wote wawili kupima afya, wasomeane majibu. Kama ana watoto mahali, awaone. Msichana anayefanya hivyo ataambiwa ni mpelelezi, anajifanya askari. Bibi yake angeambiwa ana wazee makini.

Sheria nayo inalijua jambo hili kuliko watu wanavyodhani. Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya mwaka 1971 inataka watu wanaokusudia kufunga ndoa watoe taarifa siku 21 kabla, itangazwe, na mtu mwenye pingamizi alilete. Mke wa kwanza naye anaweza kuweka pingamizi mumewe anapotaka kuongeza mke. Siku 21 hizo ni ule muda wa wazee wa Bagamoyo uliovalishwa suti. Tatizo ni kwamba karatasi hubandikwa ubaoni na hakuna anayesimama kuisoma, kwa kuwa wote wanashughulika na kadi.

Sheria hiyohiyo inayo mengine ambayo kungwi wa mjini hayataji. Mwanamke akiahidiwa ndoa kisha akaachwa, anaweza kudai fidia, ila kwa hasara aliyoipata katika maandalizi tu: ukumbi, nguo, vyakula. Machozi hayana bei mahakamani. Mwanamume na mwanamke wakiishi pamoja miaka miwili au zaidi na watu wakawahesabu kuwa mume na mke, sheria inadhania kuwa wameoana mpaka ithibitishwe vingine. Kwa wale wasichana wanaovutwa ndani kimyakimya, bila posa wala shahidi, kifungu hicho kina thamani kuliko friji. Tena sheria inatamka kwamba hakuna mwenye haki ya kumpiga mwenzi wake, hata kama mila inasema vingine.

Kisha ipo kesi ya Bi Hawa Mohamed dhidi ya Ally Sefu, ambayo kila mwanafunzi wa sheria nchini Tanzania anaijua na ambayo haijulikani ukumbini. Ilifika Mahakama ya Rufani mwaka 1983, Jaji Mkuu akiwa Francis Nyalali. Swali lilikuwa hili: mke asiye na mshahara, aliyepika, aliyefua, aliyetunza nyumba, je, amechangia mali iliyopatikana katika ndoa? Kabla ya hapo wapo majaji walioona kwamba mke wa namna hiyo ametimiza tu wajibu wake. Mahakama ya Rufani ikasema amechangia. Kazi ya nyumbani ni mchango. Bi Hawa mwenyewe hakutoka na kitu, kwa sababu mumewe alikuwa amempa fedha za biashara na mahakama ikaona amezitapanya, lakini msingi aliouacha umewasaidia wengi waliomfuata. Kenya waliandika msingi kama huo katika Sheria ya Mali za Wanandoa ya 2013, na Januari 2023 Mahakama ya Juu ikafafanua kwamba kugawana nusu kwa nusu hakuji kwenyewe. Mtu anapaswa kuonyesha mchango wake, hata kama ni wa jikoni.

Fikiria basi. Yale yote anayoyafundisha kungwi, kupika, kufua, kupokea wageni, kulea, ni mchango wa mali mbele ya sheria. Bibi harusi anafundishwa kuyafanya, haambiwi yana thamani. Kungwi wa zamani hakuwa na kesi ya 1983, lakini alikuwa na hesabu yake. Alimwambia mwari kwamba mahari ni yake, maana katika Uislamu mahari ni haki ya mke, si ya baba. Alimwambia dhahabu asiiuze ovyo. Vidani na vipuli vya pwani vilikuwa pambo na benki kwa pamoja, na mwanamke aliyeachwa alirudi kwao na benki yake shingoni.

Lipo funzo moja la zamani ambalo ni afadhali libaki huko lilikobaki: kuvumilia kila kitu. Mwanaanthropolojia Susan Hirsch alifanya utafiti katika mahakama za kadhi za Mombasa na Malindi miaka ya 1980, na kitabu chake kikatoka 1998. Aliwakuta wanawake waliofundwa tangu utotoni kwamba siri ya nyumba haitoki, wakisimama mbele ya kadhi kuitoa. Kudai haki kulitaka kusema, na kusema kulikuwa aibu. Walisema hata hivyo. Mashauri mengi yaliletwa na wanawake, na wengi wao walishinda. Wale ambao wakosoaji wa mila wanawaita wanyonge, na watetezi wa mila wanawaita wavumilivu, walikuwa wamepanga foleni na karatasi zao mkononi.

Walioshindwa kufika hapo ndio wa kuhuzunikia. Utafiti wa taifa wa afya na demografia wa Tanzania wa mwaka 2015–16 ulionyesha kuwa asilimia 40 ya wanawake wa miaka 15 hadi 49 walikuwa wamewahi kupigwa au kuumizwa mwili tangu walipotimiza miaka 15. Zaidi ya nusu ya wanawake waliohojiwa walikubali kwamba mume ana haki ya kumpiga mke kwa angalau sababu moja, kama kuunguza chakula au kutoka bila kuaga. Mawazo hayo yana walioyafundisha, na baadhi yao walilipwa kwa noti za kwenye paji la uso.

Na umri je? Unyago ulimtayarisha msichana mara tu alipovunja ungo, na Sheria ya Ndoa ikaifuata mila hiyo kwa kuruhusu msichana aolewe akiwa na miaka 15 wakati mvulana anatakiwa awe na 18. Mwanaharakati Rebeca Gyumi alilipinga jambo hilo Mahakama Kuu akashinda mwaka 2016. Serikali ikakata rufaa, na Oktoba 2019 Mahakama ya Rufani ikaikataa rufaa hiyo. Mtoto wa miaka 15 hana haja ya kungwi. Ana haja ya daftari.

Kuna jingine ambalo nasaha za mapenzi kwa wanawake hazijaliacha tangu enzi za Siti binti Saad, nalo ni kumlaumu mwanamke aliyeumizwa. Siti, mwimbaji mzaliwa wa Fumba aliyerekodi santuri huko Bombay mwaka 1928, aliimba kisa cha kweli cha mwanamke mgeni kutoka Dar es Salaam aliyeuawa Zanzibar na mwanamume aliyejulikana kwa jina la Kijiti. Muuaji alikimbilia bara. Waliotiwa hatiani ni wanawake waliofuatana na marehemu. Siti aliligeuza shauri hilo kuwa lawama kwa mahakama, na mji ukauelewa wimbo. Leo msichana akiumizwa na mtu aliyekutana naye mtandaoni, maswali ya kwanza ni yaleyale: alimfuata wa nini, alivaa nini, nani alimtuma. Nasaha zinamwendea mwanamke kwa sababu ndiye anayekubali kukaa kitako zikasemwa.

Wavulana walikuwa na jando. Pale pia palifundishwa mengi ya hovyo, lakini angalau kijana aliambiwa na wazee kwamba mke ni amana. Shaaban Robert alipotaka kuacha wasia kwa watoto wake alitunga tenzi mbili, Hati kwa binti na Adili kwa mvulana. Hakumwachia mmoja mzigo wa wote. Siku hizi jando la hospitali ni la nusu saa na dawa ya maumivu. Bwana harusi mtarajiwa huagwa na rafiki zake kwa nyama choma na pombe, na nasaha anayopewa ni utani. Wawili wanaingia nyumba moja, mmoja amefundwa mwezi mzima, mwenzake hajaambiwa hata kwamba sahani huoshwa.

Mafunzo ya chumbani wengi wanayaonea aibu bila sababu. Mwanamke aliyefundwa na Bi Kidude, Fatuma binti Baraka, aliyefariki Aprili 2013 baada ya kuongoza unyago Zanzibar kwa miaka mingi, aliujua mwili wake kuliko wengi waliomaliza kidato cha sita. Shanga nyekundu na nyeupe zilimwezesha mke kusema leo ndiyo au leo hapana bila kubishana. Hilo la kusema hapana likasikika lingefaa liende pia kwa wachumba ambao hawajaoana, na kwa wanaume kwanza.

Kamati za kicheni pati zinazokutana wiki hii kupanga sare na keki hazihitaji kumfukuza kungwi. Zimwongezee mtu wa pili. Wasaidizi wa kisheria wanatambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017, na wapo wengine katika vyama kama TAWLA, chama cha wanasheria wanawake. Apewe nusu saa kabla ya ngoma, wakati watu bado wana masikio. Aseme habari ya mali, ya cheti cha ndoa, ya mahali pa kwenda mtu akipigwa. Kaka na rafiki wa bwana harusi watafutiwe mzee wa kuwaambia yao jioni hiyohiyo, kabla ya nyama choma. Na somo aulizwe mbele ya ukumbi wote kama bibi harusi akigonga mlango wake saa nane za usiku atafungua, na kama mume wa huyo somo atakubali. Kama jibu ni la kusitasita, atafutwe somo mwingine kabla kadi hazijachapishwa.